Majibu Niliyokwenda Kuyachukua

4 Machi

Mkwe wangu, mwanangu,

Kuna jambo nimelificha tangu kabla sijakujua. Nilianza kumficha mume wako, kisha ukaja wewe nikakuingiza humo humo bila kukuuliza. Leo nalitoa.

Lakini nisianze kama askari. U hali gani? Kile kidole ulichojikata kwa mkasi kimefunga? Mimi hali yangu ni ya mtu aliyekaa kwenye benchi akisubiri kuitwa jina lake. Miguu imejaa maji, pumzi inakuja nusu nusu. Muuguzi anayenifunga bandeji alisema juzi, "Leo umependeza, Mwalimu." Nikamjibu kwamba hata maiti hupendeza akishaoshwa. Hakucheka, masikini. Nadhani mzaha huo ulikaribia mno ukweli.

Ningekupigia simu, lakini wifi yako huniwekea sauti ya juu kabisa kwa sababu ya masikio yangu, na nyumba nzima inasikia, pamoja na jirani. Haya si ya jirani.

Mume wako alipokuwa kidato cha pili aliugua matumbwitumbwi. Mashavu yalimvimba kama mito ya kulalia, tukamcheka. Marehemu mama yake akawa anamwita Bwana Mito. Baadaye uvimbe ukashuka kwenye korodani, akawa analala amekunja magoti, anauma shuka. Daktari alinivuta pembeni akaniambia, "Mwalimu, wengi wanapona vizuri. Wachache mbegu zinaharibika. Akifika umri wa kutaka watoto, mpeleke apimwe kwanza." Sikumwambia mama yake. Kijana mwenyewe sikumwambia. Na kazi yangu, kama unavyojua, ilikuwa kufundisha watoto wa watu mambo hayo hayo, kwa michoro ya chaki ya rangi.

Alipokupata wewe, kabla hajatuma watu kwenu, alikuja kukaa hapa kwenye kiti ninachoandikia. Unamjua alivyo. Fundi wa lifti hapandishi abiria kabla hajaijaza mifuko ya mchanga, ikashuka na kupanda, kisha akapanda mwenyewe. Akasema, "Baba, nataka kupima kabla ya yote. Sitaki kumpandisha mtoto wa watu kwenye kitu ambacho sijakikagua." Hakuwa na wasiwasi wowote. Ilikuwa tabia yake tu. Nikampeleka kwenye maabara ya mwanafunzi wangu wa zamani, akatoa alichotakiwa kutoa. Kesho yake wakamwita kazini mji mwingine, akaniomba nikamchukulie majibu. Nikampigia simu nikamwambia: "Safi. Oa."

Haikuwa safi.

Wifi yako amenieleza kwamba mwisho wa mwezi unalazwa tena, wakufungue mirija ya uzazi kwa mara ya pili. Nakuomba usipande kwenye kitanda kile. Mwenye tatizo si wewe. Majibu ya mume wako yalikuwa mabaya, na aliyeyaficha ni mimi. Mwambie wewe, kwa maana mimi mbele yake mdomo ni mzito.

Baba yako


15 Machi

Baba yangu,

Shikamoo. Natumaini miguu imepungua maji na kwamba wifi anakuinulia mto unapolala. Kidole kimepona. Mengine sijui niyaitaje.

Barua yako ilinikuta karakana, nimetandika kitambaa cha mapazia ya ukumbi mezani, mita na mita, tayari kukata. Niliisoma nimesimama. Nilipomaliza nikakata, na nikakata vibaya. Bi Mkubwa, mwenye karakana, akaja akatazama, akasema, "Hilo sasa ni pazia la nyumba ya kuku." Nikaanza kukunja kile kilichoharibika.

Baba, sikuwahi kukuinulia sauti, na kwenye karatasi pia sitaki. Lakini nataka ujue. Mimi pia nilipima kabla hatujaanza kutafuta mtoto, kwa sababu mwanao alinifundisha hivyo. Tulikuwa tunajisifu. Wenzetu wanaingia gizani, tunasema, sisi tumewasha taa kwanza. Majibu yangu yalitoka mazuri, ya kwake tuliyapokea mdomoni mwako. Mwaka ukapita, na wa pili. Daktari akarudia kunipima mimi, akauliza na mume, mume akasema, "Mimi nilishapimwa, majibu alichukua Baba, na Baba ni mwalimu wa biolojia." Basi wakaendelea kunitafuta mimi. Mtu akitafutwa sana hakosi kuonekana na kitu. Wakaona mrija mmoja una mashaka. Wakanichoma sindano za homoni nikavimba uso, mama mmoja mteja akanipongeza kwa ujauzito mbele ya mafundi wote, nami nikasema asante ili yaishe. Wakanipasua. Kovu limepona juu, chini bado linavuta nikiinama mashineni. Na siku zote hizo mwanao alikuwa ananishika mkono akisema, "Pole, tutalitengeneza," kana kwamba mimi ndiyo lifti.

Nilimwambia jioni ile ile. Alikuwa anatoa grisi mikononi kwa vumbi la mbao.

"Baba ameandika," nikasema.

"Anaendeleaje?"

"Anasema majibu yako hayakuwa mazuri. Alikudanganya."

Akaendelea kusugua. "Kaandika mwenyewe, au dada kamwandikia?"

"Mwenyewe. Ni mwandiko wake."

Akaniomba barua, akaisoma mara mbili, akanirudishia akiishika pembeni asiichafue kwa grisi. Kisha akacheka kidogo. "Bwana Mito," akasema. "Nilikuwa nimesahau." Tangu hapo hajacheka tena, na hajanigusa.

Upasuaji nimeufuta. Kwa hilo nakushukuru, hata kama shukrani yenyewe ina uchungu. Sasa daktari anauliza jambo moja. Majibu yale yalisema nini hasa? Yalisema mbegu hakuna kabisa, au zipo ila chache, au zipo ila dhaifu? Anasema zikiwa chache kuna njia, zikiwa hazipo njia ni nyingine, na ni nyembamba. Anataka pia mwanao apime upya, maana kipimo cha zamani namna ile hakitoshi. Mwanao anakataa. Anasema, "Baba ameshasema."

Nijibu upesi, Baba. Zilikuwa chache, au hazikuwepo?

Mkweo, mwanao


27 Machi

Mwanangu,

Barua yako imenifikia na nimeiweka chini ya mto, ambako hainipi usingizi. Habari za kazi? Mwambie Bi Mkubwa kitambaa kile kosa lake ni langu. Mimi nipo. Muuguzi ameongeza dawa ya kukojoa, sasa siku yangu yote ni safari ya chooni na kurudi, na wifi yako amekuwa mkongojo wangu. Analalamika kwamba nimekuwa mzito. Namwambia ni elimu.

Umeniuliza majibu yalisemaje. Mwanangu, ni zamani. Karatasi ile haipo. Majibu ya maabara yanaandikwa kwa lugha ya wenyewe, takwimu na vifupisho, na macho yangu hata wakati ule hayakuwa mazuri. Yalikuwa mabaya. Hilo halitoshi? Mwambie daktari yalikuwa mabaya.

Nimesikitika sana kwa kovu lako. Nimekuwa nikifikiri siku ile mliyokuja mara ya kwanza, ukakuta redio yangu imekufa, ukaifungua kwa pini ya nywele na ikaimba. Nilijiambia, huyu ataweza kukaa na mwanangu, wote wawili ni watu wa kufungua vitu. Nilikuwa radhi niseme lolote ili usiponyoke. Huo ndio ukweli wa uovu wangu: nilikupenda.

Mshawishi apime upya. Mwambie mimi nimesema apime. Mwambie kwa upole.

Baba yako


14 Aprili

Baba,

Shikamoo. Wifi ameniambia ulizidiwa wiki iliyopita, wakakuweka kwenye oksijeni siku nzima. Pole sana. Sikutaka kukuandikia ukiwa hivyo, lakini nikisubiri hakutakuwa na nyumba ya kuiandikia.

Mwanao ameondoka. Amechukua kazi kwenye jengo refu upande wa pili wa mji, na analala huko huko juu, kwenye chumba cha mota za lifti. Nilipanda kumfuata. Chumba kina joto na harufu ya mafuta, kamba zinapita katikati yake, na kila mtu anapobonyeza kitufe huko chini gurudumu linazunguka karibu na godoro lake. Ametundika shati lake la harusi kwenye bomba. Kwa nini alilibeba hilo, sijui.

Nikamwambia twende tukapime. Ni asubuhi moja tu.

Akasema, "Lifti iliyokatika kamba haikaguliwi. Inafungwa, inaandikwa isitumike."

"Nani amesema imekatika?"

"Baba. Mtu aliyefundisha nusu ya madaktari wa mji ule. Kama kungekuwa na tundu la kupitia, asingesema? Amekaa na majibu yangu miaka yote, kila akiniona anayaona, na leo anakaribia kufa anashindwa hata kuyataja. Unaelewa maana yake? Maana yake ni sifuri."

"Na kama si sifuri?"

"Usinibembeleze. Una umri bado. Nenda kwa mtu mzima."

"Wewe ni nusu?"

Gurudumu likazunguka, mtu fulani alikuwa anapanda ghorofa ya tano. Akanyanyuka akalisikiliza kama unavyosikiliza kifua cha mgonjwa. Nikaona jinsi alivyokonda shingoni. Nikasema nitamngoja. Akasema, "Nimeshampigia kaka yako. Nimemwambia aje akuchukue, asiseme umefukuzwa, aseme nimekuachia." Yaani mimi nimekuwa nafasi ya kuegesha gari, anamwachia mwingine.

Kaka yangu anakuja Jumamosi ya tarehe saba Mei. Unamfahamu. Akishabeba masanduku hayarudi.

Sasa Baba, niruhusu nikuseme kidogo, kwa heshima zote. Barua yako ya mwisho ilinipiga chenga. Wewe unakumbuka ni mwanafunzi gani alizimia siku ya kupasua chura, na alikuwa amevaa viatu vya nani. Unakumbuka pini ya nywele yangu. Halafu majibu ya mwanao wa pekee wa kiume hukumbuki yalisema chache au hakuna? Wanafunzi wako walikuita Mwalimu Hadubini. Waliniambia wenyewe kwenye harusi yetu: kwamba hukumruhusu mtu aandike alichosikia, mpaka aweke jicho aone.

Sikuombi neno zuri. Kama ni sifuri, andika sifuri, nitambebea mwenyewe mpaka juu kule na nitakaa naye na sifuri yake. Ninachoshindwa ni kupigana na kitu kisicho na umbo. Nimechoka, Baba. Nakaa mashineni nashona na machozi hayatoki tena, kitambaa kinapita tu.

Mkweo


29 Aprili

Baba,

Shikamoo. Sijapata jibu. Wifi anasema umeomba kalamu mara mbili na mara mbili umeirudisha. Anasema unaita jina la utani la mwanao usingizini.

Nilimpelekea mwanao chakula jana juu kule, akakipokea mlangoni. Nikaona ameng'oa kioo cha kunyolea pale ukutani, amekigeuza.

Masanduku yangu nimeyapanga mlangoni. Nimeyapanga vibaya makusudi, ili yachukue muda kubeba.

Mkweo, bado


2 Mei

Mwanangu,

Naweka sahihi hapa juu, kwa sababu sijui mkono utanifikisha wapi: Baba yako.

Salamu zako nimezipata zote. Hali yangu usiulize. Muuguzi amekubali kuibeba barua hii mwenyewe mpaka mkononi mwako, ana safari ya huko. Nimemwomba asikuambie alivyonikuta.

Ulinishika pale penyewe, kwenye chura. Nilisoma nikafumba macho. Sikukasirika. Niliona haya kama mwanafunzi aliyenakili kazi ya mwenzake.

Panda juu kule ukamsomee. Msomee kwa sauti, gurudumu likizunguka ngojea lisimame, kisha endelea. Kuanzia hapa nasema na yeye.

Bwana Mito, mwanangu. Ulinituma kwenye dirisha la maabara. Nilikwenda asubuhi, nimevaa koti, utadhani naenda kusimamia mtihani. Yule kijana wa maabara, niliyemfundisha kushika hadubini kwa mikono miwili, alikuja na bahasha akasema, "Karibu Mwalimu, majibu ya kijana wako tayari." Nikamtazama usoni. Ndiyo kazi niliyoifanya maisha yangu yote, kusoma nyuso za watoto kabla hawajajibu. Uso wake haukusema kitu. Alikuwa amejifunza kazi vizuri.

Nikakumbuka shuka uliyoiuma. Nikakumbuka daktari aliyenivuta pembeni, na kwamba nilinyamaza miaka yote ile. Nikajua kwamba kilichomo ndani ya bahasha ile, kikiwa kibaya, kitakuwa na jina langu pia. Nikasema, "Ngoja nikachukue miwani, nimeisahau nje." Akasema, "Haya Mwalimu, nakungoja."

Miwani ilikuwa kwenye mfuko wa shati.

Nikatoka, nikavuka barabara. Nikasimama kwenye kivuli cha duka la vioo, nikajiona mara kumi kwenye vioo vya watu. Nilikuwa nikijiambia narudi. Kisha nikaenda nyumbani, nikakupigia simu. Ulipokea nyuma kukiwa na kelele za nyundo, ukasema, "Niambie, Baba," kwa sauti ya furaha, kama mtu anayejua tayari. Nikasema safi. Ukapiga kelele wenzako wakakuuliza kuna nini. Baada ya hapo kurudi dirishani kungekuwa kujitafutia kesi.

Maabara ile ilifungwa. Sasa pale wanauza vigae. Kijana yule alihamia mbali, na sitaki umtafute, hana kosa.

Mwezi Machi, niliposikia mke wako anapasuliwa tena, nilitaka kumtoa mezani. Nikafikiri, nikimwambia "huenda", mtasita, na yeye atalala kisu kipite. Neno "huenda" halina nguvu ya kumzuia daktari. Basi nikasema "mabaya". Nikaongeza uongo wa pili juu ya wa kwanza, na mara hii nikajiona shujaa. Nilijiaminisha kwa sababu ya matumbwitumbwi. Miaka yote hiyo tumbo la mke wako likikaa vile vile, kila mwezi nilijiambia, unaona, ulijua. Lakini yule daktari alisema wachache. Nilikuwa nikiwaambia wanafunzi: wachache si wote, andika ulichoona. Mimi niliandika nilichoogopa.

Na aliponiuliza mke wako, chache au hakuna, nilikuwa na kalamu mkononi na ningeweza kuchagua lolote. Niliandika "chache" kwenye karatasi moja, kwa sababu lina matumaini. Nikaichana. Nikaandika "hakuna" kwenye nyingine. Nikaichana nayo. Dada yako aliokota vipande akidhani nimeanza kuchanganyikiwa.

Umejifungia juu kule kwa sababu unadhani nimekaa na siri yako nikikuonea huruma. Umemwita shemeji yako aje kubeba masanduku kwa ajili ya sifuri. Mwanangu, ulikuja kwangu ukiwa mtu anayekagua kwanza, na mimi nikakugeuza mtu anayeamini neno la mwingine. Usinisamehe leo, huna muda. Shuka na mke wako asubuhi, kabla ya Jumamosi, mkapime. Yakitoka, fungueni wenyewe, hapo hapo dirishani, wote wawili.

Usiniletee nikusomee.

Majibu yako sikuyachukua. Hayakuwa mazuri, hayakuwa mabaya, hakuna aliyeyaona upande wetu. Mimi baba yako sijui